Mabasi Matatu ya Kawajense

Siku hizi nikisikia lori linakata kona pale kwenye mashine ya kusaga, naweka chini nilichoshika na kwenda dirishani. Likiwa na magunia ya mahindi narudi kwenye shughuli zangu. Juzi lilipita lenye mitungi ya gesi, nikashika ukuta, kumbe ilikuwa mitungi ya kupikia inapelekwa dukani. Mtu mzima mimi, mwalimu wa shule ya msingi niliyebakiza miaka mitatu nistaafu, nachungulia malori kama mtoto aliyevunja chungu cha bibi yake. Sababu ipo nami nitaisema. Lakini kwanza nimweleze jirani yangu, maana usipomjua yeye, hofu yangu utaiona ni ya kitoto.

Hapa Kawajense, mjini Mpanda, tunamwita Dereva. Madereva wapo wengi mtaani, wa bodaboda, wa malori, wa mabasi ya sasa yenye viyoyozi na televisheni, lakini ukisema Dereva bila kuongeza neno, kila mtu anajua unamsema yule mzee mrefu mwenye kofia ya kitambaa na mabasi matatu ya zamani uani. Ua wake na wangu unatenganishwa na michongoma tu. Bosi wake wa zamani alipoona lami imefika na abiria wanataka magari mapya, alimwachia yale matatu kwa kuwa hakuna aliyeyataka. Watu walidhani atafugia kuku. Yeye akatundika kibao getini: MAKUMBUSHO YA MABASI. KARIBUNI. HONI NI YA DEREVA PEKE YAKE.

Kubwa kuliko yote aliliita Treni, kwa urefu wake. La pili ni Mtumba, ambalo lilikuja Mpanda likiwa limeshachoka huko lilikotoka. La tatu ni Bibi, lenye bodi ya mbao iliyogongwa na maseremala juu ya chasi ya lori, ngazi nyuma na keria juu, na ndilo alilolipenda kuliko mengine ingawa alikuwa akikana. Yote matatu yalikuwa yanawaka. Bibi na Treni yalikuwa hata yanatembea, kutoka ukutani mpaka getini na kurudi, kila Jumamosi saa nne, na nguo zangu kwenye kamba zikala moshi. Nilishagombana naye kwa hilo. Alinisikiliza kofia mkononi, akasema pole sana Mwalimu, na Jumamosi iliyofuata akawasha tena.

Huwezi kuingia kwenye basi lake kutazama tu. Ukipanda ngazi anakuzuia na mkono mlangoni, anauliza, "Unashuka wapi?" Wanafunzi wangu niliowapeleka walicheka, wakadhani mzee ana mizaha. Hana. Mmoja akasema anashuka hapohapo, akaambiwa basi abaki chini, asijaze gari. Ilibidi darasa zima litafute pa kushukia, huyu Inyonga, huyu Karema, mwingine Kapalamsenga kwa shangazi yake, na kila mmoja akapewa kiti kufuatana na safari yake, wa karibu mbele, wa mbali nyuma. Tukakaa humo dakika ishirini bila gari kusogea hata shubiri. Sijui kwa nini watoto wale, ambao mimi hunishinda kwa kelele, walitulia vile wakitazama madirishani.

Kitu kimoja ambacho hukuruhusiwa kumuuliza ni saa ya kufika. Kwa madereva wa njia zetu ilikuwa mwiko, na yeye aliushika mpaka kustaafu, na akastaafu nao. Niliwahi kumuuliza ugali wake utaiva saa ngapi, nikiwa nimemletea mboga, akanitazama kwa uchungu wa kweli. "Utaiva tukifika," akasema.

Alikuwa na hofu nyingi, na hili watu hawakulijua kwa sababu ya urefu wake na ile sauti ya kuita abiria. Mimi nilikuwa naiona juu ya michongoma. Alilizunguka kila basi asubuhi na jioni, akigonga matairi kwa nyundo ndogo na kutega sikio, magari ambayo hayaendi popote. Mvua ikianza hakulala, anasema, kwa kuwa anasikia madaraja yakibebwa na maji. Na cha ajabu kuliko vyote, aliogopa kupanda basi. Akitaka kwenda Tabora kwa dada yake alipanda treni ya kweli, na hata humo alisimama dirishani njia nzima akiangalia reli. Nilimcheka sana. "We dereva wa miaka yote hiyo unaogopa basi?" Akanijibu bila kuona haya kwamba anayajua yanavyoendeshwa.

Hofu yake kubwa ilikuwa na chanzo, na alinisimulia mara moja tu. Walikuwa wanakwenda Sumbawanga, wamepita Sitalike wameingia hifadhini, mbung'o wakiuma kama kawaida. Mahali fulani akasimamisha watu wakachimbe dawa, maana ndivyo tunavyosema kwa heshima tukiingia porini kujisaidia. Watu wakaenda, wakarudi, kondakta akahesabu vichwa, hesabu ikatimia. Wakaondoka. Walipofika Kibaoni mtu akauliza, kikapu hiki cha kuku ni cha nani. Hakikuwa na mwenyewe. Ndipo ikajulikana kwamba pale waliposimama alipanda bwana mmoja aliyekuwa akitembea kwa miguu kandokando ya barabara, akakaa kimya kwenye kiti kilichokuwa wazi, na mama mwenye kuku akabaki porini kwenye simba na tembo. Hesabu ilikuwa sawasawa, ila mtu hakuwa yeye.

Aligeuza gari. Alisema njia ile ya kurudi ndiyo ndefu kuliko zote alizowahi kuendesha, na hakuna abiria aliyelalamika kuchelewa. Mama yule walimkuta amesimama juu ya kichuguu, kanga ameifunga kiunoni, fimbo mkononi. Alipanda, akachukua kikapu chake, akakipakata mpaka Sumbawanga. Alikuwa mtu wa Mpanda, muuza kuku sokoni, na kwa miaka mingi baada ya hapo akimwona Dereva alimwamkia kwa sauti mbele za watu, "Shikamoo uliyeniacha." Naye aliitikia marahaba na kuinamisha kichwa. Tangu siku ile hakuhesabu watu tena. Alitazama sura, moja moja. Hata wageni wa makumbusho wakitoka alisimama mlangoni akiwakagua usoni, na wengine, hasa wale wa Kisukuma waliozoea kuhesabu ng'ombe kwa kutazama tu, waliielewa tabia hiyo haraka kuliko sisi.

Hao walikuwa wageni wake wakubwa, watu waliohamia. Alikuja mzee mmoja kutoka kwenye mifugo yake huko porini na wake wawili na wajukuu, kofia pana, redio begani. Yeye mwenyewe alipotoka Shinyanga alitembea na ng'ombe kwa miguu, lakini mke mkubwa na vyungu vyote walikuja na Treni. Mke mkubwa akapanda, akaenda moja kwa moja kwenye kiti cha tano upande wa kulia, akapapasa chini yake. "Hapa niliweka mbegu za mtama," akasema. "Zilimwagika." Dereva akamjibu kwamba zilimea, aliziona mvua ilipokuja, kwenye mpasuko wa sakafu. Sijui kama ni kweli. Yule mama alicheka mpaka akafuta macho kwa ncha ya kanga.

Alikuja pia bibi mmoja wa Litapunga, wa zile familia zilizotoka Burundi zamani zikalima hapa mpaka zikawa za hapa. Huyo alikuja kila mwaka baada ya mavuno, na karanga kwenye kitambaa. Alikaa nyuma ya kiti cha dereva ndani ya Treni, akasali kimyakimya, akashuka. Mtoto wake wa kwanza alifia kwenye kiti hicho, mapajani mwake, wakimkimbiza hospitali. Hakuna aliyemwambia Dereva akilinde kiti kile. Lakini mtu mwingine akitaka kukikalia alimwambia kwa upole, "Hicho kina mtu."

Nisije nikamfanya malaika. Alikuwa mbishi, na mchoyo wa spana kama nini. Alisafisha vioo mpaka ungedhani havipo, lakini tope la chini ya Bibi alikataa lisiguswe, akidai ni la njia ya Kapalamsenga ya enzi ya mashimo na siku hizi halipatikani. Alihubiri ukweli kwa kila mtu, na kwenye leseni yake umri wake ulikuwa umesimama mahali pamoja miaka mingi. Mimi ndiye niliyemwandikia maelezo ya kila basi kwenye karatasi za manila, naye aliyasahihisha kwa wino mwekundu kana kwamba mwalimu ni yeye.

Sasa nifike kwenye yangu.

Askari wa barabarani wawili walipita siku moja, wakaona magari yenye namba yasiyo na stika ya ukaguzi wala bima. Waliuliza tu, kwa adabu, wakasema watarudi. Dereva hakula siku mbili. Siku ya tatu akaja kwangu.

"Mwalimu, niandikie karatasi. Sema haya ni ya kumbukumbu."

"Ofisini hawana kisanduku cha kumbukumbu, Dereva. Wana gari zima na gari bovu."

Mtaa mzima huja kuniomba niwaandikie barua, na nikubali tu kwamba najisikia. Nikakaa, nikaandika kwa mwandiko wangu mzuri kwamba mabasi hayo matatu ni mabovu kabisa, hayatembei, na yanasubiri kukatwa kuwa chuma chakavu. Hayo maneno ya mwisho niliyaongeza mwenyewe, kwa utamu wa barua. Akaisoma kwa kidole mstari baada ya mstari. Kidole kikasimama.

"Hili la kukatwa je?"

"Ni karatasi tu. Ukisema hivyo hawatarudi kukusumbua."

"Sijawahi kusaini kitu ambacho sicho."

"Na ule umri kwenye leseni?"

Akacheka, akasaini, akaipeleka ofisi ya mji na nakala kwa askari. Kweli askari hawakurudi. Nilijipongeza, nikalisimulia hata kwenye chumba cha walimu, jinsi mtu anayejua lugha ya ofisi anavyoweza kumwokoa jirani.

Miezi ikapita. Mji ukaanza kusafishwa, magari yaliyotelekezwa yaondolewe viwanjani. Akaja afisa mmoja kijana, mtu wa heshima kabisa, na faili. Ndani ya faili ilikuwamo barua yangu. Mimi nilikuwa uani naanika nguo, nikasikia kila kitu.

"Mzee, tumekuja kukusaidia," afisa akasema. "Ulituandikia yanasubiri kukatwa. Gari la kuyakata tunalo."

"Hapana mwanangu. Haya ni mazima."

Akapanda kwenye Bibi, akaliwasha, akalipeleka mpaka getini na kulirudisha. Afisa akabaki anatazama karatasi, anatazama basi. Sikumwona kuwa mtu mbaya. Akasema kwamba kama ni hivyo barua hii ni ya uongo, na mwandiko wake haufanani na sahihi. Aliyeiandika aende ofisini, aifute kwa mkono wake na kueleza kwa nini aliidanganya ofisi. Asipotokea, wao watafuata kilichoandikwa.

"Nani alikuandikia, mzee?"

"Mimi mwenyewe."

"Mzee wangu."

"Niliandika mwenyewe," Dereva akasema tena.

Nilikuwa umbali wa hatua nne, shati la mume wangu mkononi. Nikalibana kwenye kamba, nikalibandua, nikalibana tena. Nilifikiria mwalimu mkuu, nikafikiria barua ya nidhamu, nikafikiria miaka thelathini na kitu ya kushika chaki ikiishia kwa kuitwa mwongo. Nikainama kuchukua nguo nyingine. Dereva hakugeuka hata mara moja kutazama upande wa michongoma, na hapo nikajua kwamba anajua nipo.

Sikwenda ofisini, nao wakaja na mitungi ya gesi ya kukatia chuma, wakaanza na Treni. Harufu ya rangi inayoungua iliingia mpaka kwenye sufuria yangu ya maharage, sikuweza kuyala. Yeye muda wote ule alikuwa ndani ya Bibi anapangusa viti, mgongo ameupa dirisha. Kiti cha tano cha yule mama wa Kisukuma, milango, madirisha, vyote vilipandishwa kwenye lori vipande vipande, na pakabaki majani yaliyopauka yenye umbo refu la basi.

Baada ya siku chache akaja yule bibi wa Litapunga na karanga zake. Nikajificha ndani, Mungu anisamehe, lakini dirisha nikaliacha wazi. Nikamsikia Dereva akimwambia, "Mama, kiti chako nimekihamishia huku." Alikuwa amekifungua usiku wa kuamkia siku ya kukata, akakifunga ndani ya Bibi nyuma ya usukani. Bibi wa Litapunga akakaa, akasali. Alipotoka alimuuliza kama na gari hili nalo litaondoka. Dereva akamwomba tu amsalimie watu wa nyumbani.

Tangu hapo mimi na yeye tulisalimiana kama kawaida, na hilo ndilo lililonitesa. Laiti angenuna. Aliniletea karanga kutoka kwenye zile za yule bibi wa Litapunga. Aliniuliza hali ya mgongo wangu. Nami nilimjibu salama, salama tu, na kila nikilala namsikia akigonga matairi ya yale mawili yaliyobaki.

Jana, Jumatano, alitakiwa ofisini kusaini kukabidhi Bibi na Mtumba. Niliomba ruhusa shuleni, nikaenda. Nilimkuta kwenye benchi la nje, shati limepigwa pasi mpaka mikunjo inasimama, kofia gotini.

"Mwalimu, umefuata nini huku? Leo si siku ya shule?"

"Nimeomba ruhusa."

"Rudi darasani."

Nikakaa pembeni yake. Watu walikuwa wawili mbele yetu. Nikamuuliza wanachukua lini.

"Ijumaa."

"Na Bibi?"

"Na Bibi."

Nikamuuliza lile nililokuwa nalikimbia tangu siku ya nguo, kwa nini hakunitaja. Akaizungusha kofia gotini mara mbili tatu.

"Gari likishindwa mlima unashusha mzigo," akasema. "Chuma ni mzigo, Mwalimu. Wewe una watoto sitini wanakusubiri."

"Unayapenda yale mabasi kuliko…"

"Nayapenda," akanikatiza. "Nani kakwambia siyapendi?"

Nilitaka kulia nikaona aibu, pale kwenye watu, mtu niliyefundisha nusu ya waliokuwa wakipita kwenye veranda ile. Mmoja wao hata alipita akaniamkia, shikamoo mwalimu, nikaitikia.

Mlango ukafunguka, sauti ikaita anayefuata. Dereva akajiinua kwa shida. Mimi nilikuwa nimeshasimama. Akaukamata mkanda wa mkoba wangu.

"Mwalimu, kaa."

Miaka yote ya ujirani hakuwahi kuniamrisha. Mkanda ulinikaza begani. Nikamwambia niachie, akatikisa kichwa, nikamwambia tena kwa sauti ya chini, "Niachie, Dereva, nimeshachelewa sana." Akanitazama usoni kwa yale macho yake ya kukagua. Kisha vidole vikalegea.

Nikaingia. Afisa kijana akainua kichwa, akasema karibu mama, kuna shida gani. Niliomba anionyeshe ile barua, akaitafuta kwenye faili, akaiweka mezani, nikaona mwandiko wangu, mzuri kama siku ile. Akaniashiria nifunge mlango, tuzungumze vizuri. Sikuufunga. Nikaongea kwa sauti ya darasani, ile inayofika kwa wa kiti cha mwisho, ili aliyebaki kwenye benchi asikie kila neno.

"Niliiandika mimi."